Mwalimu wa Kiholanzi wa Muaither

Kabla hujajifunza hata salamu moja ya Kiholanzi kwa Mwalimu, ulijifunza kutoka jasho. Aliingia, akaweka mkoba wake juu ya kiti, akazima kiyoyozi, akafunga madirisha, ndipo akatuamkua. Kiyoyozi kinanguruma, alisema, na mngurumo unameza sauti ndogo ndogo za mdomo, na yeye alikuja pale kwa ajili ya sauti hizo hizo. Hii ilikuwa Doha, mwezi wa saba, katika sebule ya villa moja ya Muaither ambayo vyumba vyake vimegawanywa kwa kuta za jasi ili wapangaji waenee. Kikundi cha maombi kilichokuja baada yetu kilikuta viti vimelowa, na kwa muda mrefu waliamini kwamba sisi ni klabu ya mazoezi ya viungo.

Sitaeleza alizaliwa wapi wala ni binti wa nani. Hakuwahi kutuambia, na hatukuona kwamba tumepungukiwa. Nilimjua kwanza kazini. Mimi ni muuguzi katika kliniki ya binafsi Abu Hamour, naye alikuwa karani mkuu wa mapokezi, mwanamke wa makamo ya juu, mwembamba, mwenye miwani iliyoning'inia kifuani kwa kamba nyekundu. Wiki nzima alikuwa akipanga miadi na kuwatuliza watu waliochoka kungoja daktari. Ijumaa, ibada zikiisha, alikuwa Mwalimu. Hata mudir, yaani meneja wa kliniki, bwana mkali asiyejua neno jingine la Kiswahili, alimwita Mwalimu akidhani ndilo jina lake.

Darasani tulikuwa mchanganyiko. Wauguzi tuliotaka kwenda kufanya kazi Uholanzi, maana huko hakuna anayekuruhusu kumgusa mgonjwa bila lugha. Wafanyakazi wa nyumbani wawili watatu waliosikia kuna darasa la bure wakaja kwa sababu ni darasa na ni la bure. Kijana wa kompyuta aliyeitwa Kevo, aliyetaka chuo. Na Hakim, Mganda, mlinzi wa jengo moja la maduka kule Al Rayyan, ambaye mke wake alikuwa akitunza wazee katika nyumba ya wazee mjini Antwerp, naye alitaka kumfuata. Tulikuwa kumi na mmoja.

Ijumaa zake zilikuwa za aina mbili na zilipishana. Ijumaa ya kunyoosha ilikuwa darasa kama madarasa mengine. Ukikosea unarekebishwa, ukirudia kosa unarekebishwa kwa sauti ya juu zaidi. Ijumaa ya kurekodi ilikuwa kinyume chake kabisa. Aliweka rekoda mezani, akamwita mmoja, akamwambia kwa Kiholanzi: eleza ulivyofika Doha. Kila mtu swali hilo hilo, kila mara. Na ukikosea siku hiyo hakurekebishi. Anafurahi.

Mara ya kwanza nilipomwona akilifurahia kosa langu, nilipandwa na hasira. Nimetoka zamu, miguu inawaka, halafu mtu mzima ananichekea.

"Mwalimu, si uniambie tu nimekosea wapi? Exam ni mwezi ujao."

"Utaambiwa Ijumaa ijayo. Leo usiniharibie."

"Nisikuharibie nini?"

"Kosa lako, Sista. Ni zuri mno. Hebu rudia, lakini usilifikirie."

Ilinichukua muda kuelewa kwamba hakuwa akinikejeli. Mwalimu alikuwa mwanaisimu, na Kiholanzi ndicho alichokisomea. Hakukisomea ili akiseme tu, bali alikichunguza kama mimi nilivyofundishwa kuchunguza mwili. Kiholanzi kina tabia ya kusogeza kitenzi hadi mwisho pale sentensi moja inapoiegemea nyingine, na sisi wa Kiswahili tumezoea kukitoa mapema na kukivalisha kila kitu. Alitaka kujua tukikosea tunakosea wapi, na kwa nini Mluhya wa Kakamega na Mganda wa Masaka, wasiowahi kuonana kabla ya Doha, wanakosea pale pale. "Mtu hakosei ovyo," alikuwa akisema. Alilisema hilo kazini, darasani, na hata siku dereva wa basi la kliniki alipotupitisha njia isiyo yetu. Siku hiyo hatukumwelewa.

Tangu mwanzo alituambia wazi kwamba sauti zetu ni za utafiti wake, na asiyetaka asome tu, rekoda haitamgusa. Hakuna aliyekataa. Nadhani sote tulipenda kuwa watu ambao makosa yao yana thamani kwa mtu fulani.

Katika basi la kliniki alikaa kiti cha nyuma ya dereva na vipokea sauti masikioni, akitusikiliza. Alicheka peke yake. Mara nyingine alishika shavu na kutikisa kichwa kama aliyeambiwa habari za mapenzi. Wafilipino wa maabara waliniuliza kwa siri mpenzi wake ni nani. Niliwaambia wako kumi na mmoja, nikawaacha wahangaike na hesabu hiyo.

Usifikiri basi kwamba alikuwa mpole. Siku moja Nekesa, mmoja wa wale wafanyakazi wa nyumbani, alikwama katikati ya sentensi, akarudi mwanzo, akakwama tena, na Kevo akacheka. Mwalimu alizima rekoda.

"Kevo, toka nje ukacheke. Ukimaliza, rudi."

"Ah, Mwalimu, ilikuwa tu joke, manze."

"Ndiyo. Kaimalizie nje."

Nje kulikuwa na jua la saa saba. Kevo alirudi haraka, uso umekuwa mwekundu kama wa mgeni, na sikumsikia tena akimcheka mtu. Mwalimu alimwita palepale aeleze alivyofika Doha, na alipokwama mwenyewe, Nekesa alitazama chini kwa adabu kubwa. Nilimpenda Nekesa siku ile.

Mwalimu alikuwa na kiburi, na sisemi hivyo kwa kumshusha. Kuna mhandisi wa Kiholanzi aliyekuja kliniki akiugua tumbo, akipiga simu nyumbani kwao mapokezini kwa sauti. Mwalimu alimhudumia kwa Kiingereza tangu mwanzo hadi mwisho, bila kumwonyesha kwamba alielewa kila alichomwambia mkewe. Alipoondoka nilimuuliza kwa nini hakumsemesha kwa lugha yake, angalau mtu apate faraja.

"Angenipongeza," alisema.

"Sasa ubaya uko wapi?"

"Nimepongezwa sana na wale watu, Sista. Nilipokuwa kwao nikisoma, nikiagiza mkate tu napongezwa. Nikitoa hoja, napongezwa kwa matamshi. Mimi sitaki kupongezwa. Nataka kujibiwa."

Hilo ndilo lililokuwa rohoni mwake, na lilikuwa la miaka mingi. Katika ujana wake alipelekwa Uholanzi kusomea shahada ya uzamivu, akaanza tasnifu, akaitwa nyumbani mama yake alipougua, akauguza, akazika, akalea wadogo zake, akafundisha shule, akaja Doha. Tasnifu ilibaki nusu. Wengine tungeiita ujana na kuisahau. Yeye, akiwa na umri wa kungoja wajukuu, alimwandikia profesa wake wa zamani akamwambia ana wazungumzaji wapya, na wazo jipya, na kwamba anamalizia. Profesa alikubali. Lakini profesa mwenyewe alikuwa keshastaafu, na kwa sheria zao haki yake ya kumsimamia mwanafunzi ilikuwa imebakiza miaka miwili tu. Ikipita, imepita. Mkataba wa Mwalimu kliniki nao ulikuwa unaishia kipindi hicho hicho, akirudi kwao hakuna kiti cha nyuma ya dereva wala sebule ya Muaither. Ilikuwa amalize sasa au isiwe tena.

Nilimuuliza mara moja hiyo shahada ataifanyia nini, umri huo. Nilidhani nauliza swali la busara.

"Nitaimaliza," alijibu.

"Halafu?"

"Halafu itakuwa imekwisha. Wewe ukimwosha mgonjwa unamwacha upande mmoja?"

Kumhurumia kulikuwa kosa kubwa kuliko yote. Ukimwona amechoka ukasema pole Mwalimu, leo pumzika, alikuangalia juu ya miwani. "Usinionee huruma. Nipe sentensi." Na unampa, jasho linakutiririka mgongoni, unampa sentensi yako mbovu kadiri unavyoweza.

Mambo yake mengine hayakupatana. Alikuwa mkali wa saa za kuanza, na kumaliza hakukujua, hadi watu wa maombi wanagonga mlango. Alikijua Kiholanzi cha mashamba na cha mijini, lakini nchi yenyewe hakuisifu hata mara moja. Ukimuuliza kukoje alisema kuna upepo. Jibini hakuiweka mdomoni. Alitufundisha majina ya vyakula vyao vyote kwa sura ya mtu anayesoma majina ya dawa za minyoo. Na alipotaka kutukana alitukana kwa Kiswahili safi cha kanisani, bila neno hata moja baya, na ukaumwa wiki nzima.

Mwaka uliofuata jopo la chuo chake liliposoma tasnifu lilirudisha jibu, naye akalileta darasani akatusomea kama vile linatuhusu sisi, na kweli lilituhusu. Walisema kazi ni nzuri, lakini anadai kwamba makosa yetu hubadilika kwa mpangilio, na ili kuonyesha mabadiliko, inabidi kila mzungumzaji arekodiwe tena baada ya mwaka na zaidi. Watu wale wale. Swali lile lile.

Tukacheka, kicheko kisicho na furaha. Nani hukaa Doha mahali pamoja? Hapa unamzoea mtu, unampikia chapati, kesho mkataba umekwisha, keshokutwa unamwona kwenye simu akiwa amesimama kwenye theluji. Kati ya wale kumi na mmoja, nusu hatukujua hata waliko. Mtu mwingine angefanya utafiti kama huu kijijini, ambako watu huzaliwa na kuzikwa. Yeye alikuja kuufanya katika mji wa watu wenye masanduku.

"Nimekosea mahali," alikubali. "Sikukosea watu. Twendeni tukawatafute."

Nilikwenda naye mara nyingi, kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa na leseni ya gari na moyo wa kushindwa kukataa. Mmoja tulimkuta anafanya kazi hotelini Lusail, Mwalimu akamrekodi ndani ya stoo ya shuka, maana shuka hunyonya mwangwi. Mmoja alikuwa amesharudi Eldoret. Huyo alipigiwa simu akaamriwa aingie ndani ya kabati la nguo na simu yake, na jamaa akaingia, tukamsikia akieleza alivyofika Doha kutoka kati ya makoti. Nekesa hakuwa na ofu tena Ijumaa. Mwalimu alikwenda hadi mlangoni kwa mwajiri wake, akamweleza yule mama kwa Kiarabu chake cha mapokezini. Yule mama alicheka, akatuandalia gahawa, akakaa kumsikiliza Nekesa hadi mwisho, na mwishoni akataka afundishwe kusema "habari za asubuhi" kwa Kiholanzi. Alifundishwa. Hakurekodiwa.

Mmoja baada ya mwingine wakapatikana, isipokuwa Hakim.

Hakim hakuwa amepotea. Alikuwa palepale Al Rayyan, getini kwake, chini ya mwavuli wa kampuni. Na darasani ndiye aliyekuwa mwanafunzi bora kutuzidi sote. Sisi tulijifunza maneno ya hospitali na ya mtihani, yeye alijifunza maneno ya nyumbani. Umekula? Umechoka? Sogeza mto. Alikuwa akiyafanyia mazoezi kwa mkewe kwenye simu wakati wa lindo. Kisha siku moja mke akampigia akamwambia asije. Alikuwa ameshapata mtu mwingine huko. Hakim hakutuambia yeye, tuliambiwa na mwenzake wa chumba. Darasani hakurudi tena.

Tulipofika getini alisimama, akampa Mwalimu kiti chake, akamwita nyabo kama wanavyomwita mama kwao.

"Karibu, nyabo. Keti."

"Sikuja kukaa, Hakim. Nimekuja kuomba dakika kumi za sauti yako."

Alijua maana yake. Alitazama magari yanayoingia, akainua mkono kwa dereva mmoja.

"Ile lugha nimewacha, Mwalimu. Nimetoa yote. Nikisema hata moja, hapa inauma." Akagusa chini ya mbavu.

"Hata ukisema vibaya. Hasa vibaya."

"Hapana, nyabo. Unisamehe."

Baada ya wiki alikwenda peke yake, akauliza tena, akajibiwa hivyo hivyo. Mara ya tatu, Hakim mwenyewe ndiye aliyenisimulia. Alimwona akivuka barabara na mkoba wake, akajiandaa kukataa, akayapanga maneno. Mwalimu akamsalimia, akamuuliza habari za goti lililokuwa likimsumbua, akamwachia chapati zilizofungwa kwa karatasi, akaondoka. Hakuuliza. Wiki iliyofuata vivyo hivyo. "Nilikuwa nangoja aulize," Hakim aliniambia, "na yeye hapana uliza. Sasa nikawa nangoja tu aje."

Profesa alimpa Mwalimu ushauri wa kirafiki kwa video, mimi nikiwa jikoni nasikia. Mwondoe huyo mmoja. Wazungumzaji kumi wanatosha, hakuna atakayelalamika. Ukimwacha na rekodi moja tu, kuna mtu kwenye jopo atakukamata hapo hapo, na nafasi nyingine huna.

Alipokata simu nilimwambia profesa ana haki. Nilimwambia kwa ukali, maana nilikuwa nimeendesha gari sana kwa ajili ya tasnifu ile.

"Mwalimu, kwa ajili ya mtu mmoja asiyetaka, unapoteza kila kitu?"

"Mgonjwa akikataa dawa, Sista, unamfuta wodini?"

"Hapana. Naandika amekataa dawa."

"Basi na mimi nimeandika."

Aliandika kweli. Aliandika kwamba Mzungumzaji wa Tisa alikuwa na rekodi moja, akakataa ya pili, na kwamba watu huacha lugha kwa sababu zisizoanzia mdomoni, na isimu isiyo na mahali pa kuwaweka watu hao ina kasoro yake yenyewe. Aliituma hivyo. Sikulala vizuri, na tasnifu haikuwa yangu.

Jopo likaipitisha iende kwenye utetezi. Uholanzi hakwenda. Iqama yake, kibali cha ukaazi, ilikuwa katika kushughulikiwa, na akitoka asingejua kama atarudi, kwa hiyo wakakubali ajitetee kwa video, Ijumaa, baada ya swala. Hapo ndipo alipotueleza desturi yao moja. Anayejitetea huwa na watu wawili wa kumsindikiza, wenyewe huwaita paranimfi, kama wasimamizi wa arusi. Wanavaa rasmi, wanakaa karibu naye. Zamani waliruhusiwa hata kumsaidia kujibu. Siku hizi, alisema, wanakaa tu kama maua.

Alinichagua mimi na Hakim.

"Atakubali?" nilimuuliza.

"Nimemwomba akae. Sikumwomba aseme."

Hakim alikuja kwa kanzu nyeupe na koti jeusi juu yake, kama Waganda wavaavyo kwenye sherehe, koti limepigwa pasi hadi linang'aa. Mwalimu alivaa gauni la bluu la ibada. Akazima kiyoyozi. Ilikuwa mwezi wa sita, na katika dakika chache kola ya Hakim ilikuwa imelowa.

Kwenye skrini kulikuwa na ukumbi wa mbao, watu wamevaa majoho na kofia bapa, na mtu mmoja mwenye fimbo ndefu ya fedha aliyewaingiza kisha akatoka. Kazi yake, Mwalimu alikuwa ametueleza, ni saa. Utetezi ni robo tatu ya saa. Ukitimia, mshika fimbo anaingia, anagonga sakafu, anatamka kwa Kilatini kwamba wakati umefika, na hapo kila mtu hunyamaza, hata kama yuko katikati ya neno.

Alijibu vizuri. Sina haja ya kujifanya nilielewa yote, lakini kujibu nakujua. Hawakumpongeza kwa matamshi, waligombana naye, naye alikuwa amekaa mbele kwenye kiti, mikono inaruka, na nilimwona akiwa mdogo kwa miaka ishirini. Nilifurahi mno hata nikasahau kuogopa.

Kisha akaja yule ambaye profesa alimwonya juu yake, mwanamume mwenye ndevu nyeupe na sauti ya upole. Aliuliza kwa nini Mzungumzaji wa Tisa yumo. Tasnifu inahusu mabadiliko, na huyu hana mabadiliko. Kisayansi hayupo.

"Yupo," Mwalimu alisema. "Alikataa, na kukataa kwake nimekueleza ukurasani."

"Nimeusoma. Unaniomba nikuamini kwamba lugha yake ingali mahali fulani, na kwamba sababu ya kunyamaza ni ya moyo. Una ushahidi gani? Huenda ameisahau tu, kama watu wanavyosahau. Naona hapa wema wako, mama. Sioni data."

Mwalimu angeweza kujitetea. Pale pale pembeni yake, hatua moja tu, ulikuwepo ushahidi umevaa kanzu, na angegeuza shingo tu ingetosha. Hakugeuza. Alimtazama yule mwanamume, akaweka mikono mapajani, akasema polepole kwamba ushahidi mwingine hana. Niliona mwenyekiti, mama mmoja mwenye nywele fupi, akiandika kitu.

Kiti kikakwaruza. Hakim alikuwa amesimama.

"Samahani," alisema, kwa Kiholanzi.

Ukumbi ule wote ukageuka. Mwenyekiti aliuliza kama paranimfi anataka kumsaidia mtetezi. Mtu akacheka kidogo huko nyuma. Mwenyekiti hakucheka. Alisema desturi hiyo ni ya zamani sana, yeye hajawahi kuiona ikitumika, na hajui sheria inayoizuia. Karibu.

Maneno yake nayaweka hapa kwa Kiswahili, lakini mjue kwamba alikisema Kiholanzi kama tulivyokisema sote, vitenzi vimekaa pasipo pao, vingine vimekuja mapema, vingine vimesahauliwa vikarudishwa kwa haraka.

"Mzungumzaji wa Tisa ni mimi. Lugha hii nimeiacha. Sijaisahau. Mwalimu aliniomba mara mbili, nikasema hapana. Baada ya hapo hakuomba tena, lakini alikuja kila wiki. Leo pia hajaniomba." Akafuta uso kwa kiganja. "Kuna swali ambalo hutuuliza. Ulifikaje Doha. Najibu sasa."

Akaanza. Alieleza ndege, na baridi ya uwanja wa ndege aliyoidhania ni ya nchi nzima, na kampuni, na geti. Alieleza kwamba alikuja Doha kama mtu anayepita, kwa sababu mke wake alikuwa Antwerp na yeye alikuwa njiani kwenda kwake. Mwalimu alikuwa amemgeukia kabisa, jopo limebaki mgongoni kwake.

"Maneno haya nilijifunza ili nimwambie yeye," Hakim alisema. "Yeye hayataki."

Mlango wa ukumbi ulifunguka kwenye skrini. Mshika fimbo akatembea hadi katikati, akagonga sakafu, akatamka maneno yake mawili ya Kilatini. Majoho yote yakanyamaza.

Hakim hakunyamaza. Sidhani hata kwamba alisikia. Alikuwa amefika mahali pagumu, akakwama, akarudi nyuma, akaanza upya sentensi ile ile, na mshika fimbo akabaki amesimama na fimbo yake, akimtazama mwenyekiti, na mwenyekiti akainua kidole kimoja kumwambia angoje.

"Nilifikiri nikinyamaza yatakwenda," Hakim alisema. "Hayakwenda. Bado ninayo yote. Kijiko. Mto. Umekula. Sina wa kumwambia, lakini ninayo."

Akakaa. Yule mwenye ndevu nyeupe alikuwa amevua miwani. Alisema, kwa sauti ile ile ya upole, kwamba amejibiwa.

Waliondoka kwenda kushauriana, tukabaki watatu tukiangalia viti vitupu vya watu wa mbali. Nilitaka kumshika Hakim mkono nikaona aibu, kisha nikamshika hivyo hivyo. Waliporudi, mwenyekiti alisimama, akalisoma jina la Mwalimu lote, majina matatu ambayo sikuwahi kuyasikia yakifuatana, na mbele yake akaweka neno daktari. Walipiga makofi. Profesa wake mzee alikuwa akilia waziwazi, na mimi pia, wala sikujificha.

Mwalimu aliwashukuru kwa maneno machache, akafunga kompyuta. Hakushika kichwa, hakupiga kigelegele. Alikaa kidogo akimtazama Hakim, kanzu imemganda kifuani kwa jasho, halafu akanitazama mimi, halafu akatazama vile viti kumi na kimoja vya sebule vilivyopangwa nyuma yetu bila watu, ndipo akasema neno lake la kwanza kwetu akiwa daktari.

"Mmetimia."